Dhiraa Moja Bila Lipu

Cincinnati, Jumapili, 26 Januari 1890

...na hukunisikia, Zelik! Filimbi ililia nikiwa katikati ya maneno yangu, treni ikajivuta, nawe ukabaki dirishani unaitikia kwa kichwa kama mtu aliyeelewa kila kitu. Hukuelewa kitu, mume wangu, nilikuona macho. Na jambo lenyewe lilikuwa kubwa. Sasa kwa kuwa hukulisikia, siliandiki hapa, ng'o. Nitakuambia siku tutakaposimama pamoja tena.

Mume wangu. Ngoja niliandike tena nilitazame: mume wangu. Jana nimelisema peke yangu mbele ya kioo mpaka Bibi Sprinza akaniuliza naongea na nani.

Unajua baada ya wewe kuondoka wageni hawakuondoka? Harusi husherehekewa siku saba, wakasema, na siku saba watakula. Zile baraka saba za harusi hawakuweza kuzisoma, maana bila bwana harusi hazisomwi. Basi wakala tu, wakanitazama mimi na kiti kitupu kando yangu. Nilitabasamu mpaka mashavu yakauma. Kila aliyenionea huruma nilimwambia, "Mume wangu ameitwa kwa telegramu. Jengo lake haliwezi kumsubiri." Nilisema "jengo lake" kwa sauti ya juu ili Shangazi Gitel asikie.

Bado wanasimulia habari ya samaki. Ulivyomaliza kula, ukausimamisha uti wa mgongo wake juu ya sahani, ukaufunika kwa kitambaa cha mezani, halafu ukasema, "Mnaona? Kitambaa hakibebi kitu. Nyumba zote mnazozijua ukuta ndio unaobeba, ndiyo maana haziwezi kupanda juu. Mimi naupumzisha ukuta. Mifupa ya chuma itabeba, ukuta utaning'inia kama nguo, kama kibanda chetu cha Sikukuu ya Vibanda." Kisha Shangazi Gitel akasema, "Jetta, usinenepe mwanangu, huyu anapenda mifupa!" Walicheka mpaka machozi. Wewe hukucheka. Mimi nilikuwa nakupenda tangu zamani, lakini dakika ile nilikupenda mpaka nikashika meza.

Baba hajalegea. Leo asubuhi amerudia: "Binti yangu hatoki kwenye mlango huu mpaka mumewe awe na mlango wake." Na ile meza tupu anayokuwekea katika kiwanda chake cha kofia bado ipo. Anasema mtu anayejua kuchora nyumba hashindwi kuchora kofia. Naye Bibi ananichokoza: "Torati imesema mwaka wa kwanza mume asiende popote, akae nyumbani amfurahishe mkewe. Wako anakufurahisha akiwa Chicago? Ana mkono mrefu kweli."

Niambie unalala wapi. Nani anakupikia? Ukiamka unaona nini? Niandikie kila kitu.

Mkeo (mkeo!),
Jetta


Chicago, Jumatatu, 3 Februari 1890

Mke wangu mpenzi,

Barua yako nimeisoma nimesimama juu ya mbao, upepo ukitaka kuninyang'anya. Mimi sina maneno kama yako. Yakinijia hunijia kwa umbo la mstari na kona.

Jengo limefika juu. Ghorofa kumi na nne, mifupa yote imesimama, na sasa wanaining'iniza nguo yake ya matofali. Wameanzia kuta za ghorofa ya sita na kupanda, huku chini pakiwa bado wazi, kwa makusudi tu, ili watu waone. Watu husimama barabarani wakitazama kuta zilizoanzia hewani. Bwana Pruett, mwenye ofisi yetu ya michoro, huwaleta wageni na kuwaeleza. Anaeleza vizuri. Maneno nilimwandikia mimi.

Umeuliza naona nini. Nina chumba juu kabisa, upande wa mashariki. Asubuhi jua hutoka ziwani na kuingia lote, hakuna paa wala mti wa kulizuia. Hakuna sauti ya mtu. Huwa naweka kikombe changu cha chai dirishani na kukizungusha ili mpini uelekee upande wa pili wa meza, kana kwamba kuna mtu wa kukipokea.

Chakula kipo. Usihangaike.

Wako,
Zelik


Cincinnati, Jumapili, 9 Februari 1890

Zelik, Zelik, Zelik!

Chumba juu kabisa! Jua linatoka ziwani! Mbona umelificha hilo katikati ya barua, baada ya matofali? Mtu mwingine angelianza nalo kwa herufi kubwa. Nimeisoma mezani, Baba akaweka kijiko chini. "Amepata nyumba?" Nikamwambia, "Baba, amepata nyumba na ziwa."

Nimeshaanza kuishi humo. Kabati liko kushoto. Meza iko dirishani, na kikombe chako nimekipokea, mpini uko mkononi mwangu, na chai yako ina ndimu nyingi mno kama kawaida yako. Ijumaa jioni nitawasha mishumaa ya Sabato hapo juu, na watu walio chini watadhani ni nyota mbili zimekosea njia.

Nipe kipimo cha madirisha, tafadhali, haraka. Nimepata kitambaa cha rangi ya siagi. Mama anasema kwanza niulize ngazi ni nyingi kiasi gani, maana maji nayo hupandishwa. Na Bibi anasema umenyamaza kuhusu jirani, kwa hiyo jirani ni mwanamke.

Nakutania. Lakini nijibu.

Jetta wako, mwenye nyumba


Chicago, Alhamisi, 20 Februari 1890

Jetta mpenzi,

Nilitaka kukuandikia jambo fulani, kisha nikasoma tena barua yako pale penye mishumaa, na kalamu ikasimama. Basi nakujibu ulichouliza.

Dirisha ni moja lakini ni pana kuliko unavyofikiri. Upana wake ni kama watu wanne waliosimama bega kwa bega, na urefu kama mtu aliyenyoosha mikono juu. Ukuta haubebi kitu, kwa hiyo niliweza kuufungua wote. Ngazi usiwaze, kuna lifti. Jirani ni njiwa.

Kuna jambo moja Baba yako angelipenda. Ukutani, mkabala na mlango, nimewaambia mafundi waache dhiraa moja bila lipu, tofali likionekana, kama desturi yetu ilivyo, kwa ajili ya Hekalu. Fundi lipu ni Mwayalandi anaitwa Donovan. Alinijia na mwiko mkononi.

"Bwana Felsher, tangu nishike mwiko sijaacha ukuta uchi."

"Acha huo mmoja."

"Watu watasema Donovan alikuwa amelewa."

"Waambie mimi ndiye niliyelewa."

Akaniuliza sababu. Nikamwambia tulikuwa na nyumba moja kubwa ikachomwa moto, na tangu hapo anayejenga yake haimalizi yote.

"Pole sana. Ilichomwa lini?"

"Miaka elfu moja na mia nane iliyopita, na zaidi."

Akanitazama. "Na bado mnaililia? Ninyi mngefaa kuwa Waayalandi."

Akaiacha. Hata kingo zake amezinyoosha vizuri kama fremu ya picha. Ni watu wawili tu wanaojua kwa nini iko pale, na mmoja ni Donovan.

Wako,
Zelik


Cincinnati, Alhamisi, 27 Februari 1890

Mume wangu, nuru yangu,

Laiti ungekuwepo! Nilipofika penye dhiraa Baba alisimama. Aliinyakua barua akaisoma mwenyewe, midomo ikicheza. Kisha akasema, "Mpangaji haachi dhiraa! Nani anaacha dhiraa kwenye ukuta wa mtu? Huyu kijana hakupanga. Huyu amejenga!"

Nilisema labda. Zelik, hukuniambia kuwa ni yetu kabisa, lakini mimi nakufahamu wewe, mambo makubwa huyasema ukiwa umegeukia pembeni. Baba hakungoja. Jumamosi, baada ya kusomwa Torati, alizunguka sinagogi lote, benchi kwa benchi, akamweleza hata yule mzee kiziwi: "Mkwe wangu amejenga Chicago. Ana lifti. Na dhiraa ameiacha, hakusahau alikotoka." Shangazi Gitel aliniita pembeni akanibusu, akanong'ona, "Basi nenepa tu."

Leo Baba ametuma kifurushi kwako kupitia ofisini kwenu. Ni mezuza, yale maandiko yetu ya kugongelea kwenye mwimo wa mlango, ile yenye kasha la fedha, iliyokuwa mlangoni kwa babu yake kabla hawajavuka bahari. Ameifunga kwa mikono yake mwenyewe. Amesema, "Mwambie aigongelee kwa mkono wake. Akishaigongelea, nitakupeleka stesheni mwenyewe."

Unasikia? Atanipeleka mwenyewe!

Pazia nimelikata. Bibi aliponiona nimelitandaza sakafuni akauliza, "Hilo ni pazia la chumba au la Hekalu?" Limejaza chumba changu mpaka naliruka nikienda kitandani. Usiku nalivuta shingoni, nasikia harufu ya kitambaa kipya, najidanganya ni harufu ya nyumba yetu.

Nitumie tarehe tu. Neno moja.

Jetta


Cincinnati, Jumapili, 23 Machi 1890

Zelik,

Nimekuandikia mara tatu tangu Baba atume mezuza, na hii ni ya nne. Sikukuu ya Purimu imepita. Nilikuokea mikate ya mbegu za mpopi nikaiweka kwenye kopo la bati, halafu nikaila mwenyewe, mmoja mmoja, kila siku mtu wa posta alipopita bila kusimama.

Kama unaumwa, mwambie mtu yeyote aandike. Kama umekasirika, nikasirikie kwa maandishi. Kama kuna mtu mwingine anayezungushiwa mpini wa kikombe, niambie pia. Unaona nimelisema. Nimekaa na neno hilo wiki nzima na sasa liko kwako.

Watu wananiuliza tarehe. Nikienda sokoni: "Jetta, bado upo?" Ndiyo, bado nipo. Nimegundua mwanamke anaweza kuolewa akawa mpweke kuliko alivyokuwa msichana, maana msichana hajui ni sauti gani anayoikosa. Mimi naijua. Najua unavyokohoa kabla ya kusema jambo la maana.

Pazia limekwisha kushonwa. Nimelitundika kwa muda dirishani kwangu. Limefunika dirisha, ukuta wote, na nusu ya mlango. Nalala humo kama zawadi iliyofungwa na kusahaulika.

Pasaka njoo. Kiti chako kipo. Safari hii sitaki kukitazama kikiwa kitupu.

Mkeo,
Jetta


Chicago, Jumapili, 30 Machi 1890

Jetta,

Siumwi. Hakuna mtu mwingine. Usiliandike tena hilo.

Kifurushi cha Baba yako kimefika salama. Mshukuru.

Pasaka sitaweza kuja. Jengo linafunguliwa wiki hiyohiyo na lifti mbili hazijakaa sawa. Nawe usije sasa. Nakuomba. Chicago kuna matope na upepo, na mimi nashinda kazini.

Nakuombea sikukuu njema, wewe na wote nyumbani.

Zelik


Cincinnati, Jumapili, 13 Aprili 1890

Zelik,

Pasaka imekwisha. Usiku wa kwanza, tulipofika pale pa kumfungulia mlango nabii Eliya, niliinuka mimi. Nilisimama kizingitini nikatazama barabara muda mrefu kuliko desturi. Bibi akasema taratibu, "Funga, mjukuu wangu, baridi inaingia." Sikuwa namngoja nabii.

Leo Baba amepata gazeti la Chicago. Kuna picha. Nimeliona jengo lako, Zelik! Nilipiga kelele. Ni refu, jembamba, madirisha matupu, kama lilivyosimama kwenye sahani. Nilitaka kuibusu karatasi. Kisha Baba akasoma maneno ya chini, polepole, kwa kidole. Ameandikwa Bwana Pruett. Amesifiwa fikra zake, ujasiri wake, mifupa yake ya chuma. Limeandikwa jina la mwenye jengo, Bwana Tolliver, na la aliyeuza marumaru, na la aliyepiga tarumbeta siku ya kufungua. Baba alisoma mpaka mwisho, akaligeuza gazeti nyuma, akarudi mbele.

"Felsher yuko wapi?" akaniuliza.

"Wamemsahau, Baba."

"Aliyepiga tarumbeta hawakumsahau."

Halafu akauliza jambo ambalo mimi mwenyewe nimekuwa nikilikwepa: "Nyumba yenu iko mtaa gani? Barua zako zote unaziandikia ofisini kwa huyo Pruett. Mtu mwenye nyumba na lifti hana namba mlangoni?"

Mume wangu, nipe namba ya mlango. Namba tu. Nitaishona kwenye pindo la pazia na sitakuuliza kingine.

Jetta


Chicago, Alhamisi, 17 Aprili 1890

Jetta,

Namba hakuna. Chumba kipo, lakini si chetu. Ni ofisi. Iko ghorofa ya kumi na nne ya Jengo la Tolliver, na Bwana Pruett aliweka meza yangu humo wakati wa ujenzi ili nisimamie kazi. Jua, ziwa, kikombe, njiwa, hayo yote ni kweli. Wewe ukaandika "nyumba," ukawasha mishumaa. Nilisema nitakusahihisha barua inayofuata. Ukaomba kipimo, nikakupa. Baba yako akatuma mezuza ya babu yake, na tangu siku hiyo sikuweza kushika kalamu. Sijaigongelea popote. Naiweka mfuko wa ndani wa koti.

Ninapolala ni kwa mjane mmoja, Mama Peshe, nyuma ya pazia, pamoja na mafundi cherehani wawili kutoka mji wa Kovno wanaogombana hata wakiwa usingizini. Supu yake ni nzuri. Ndiyo nyumba yangu yote.

Siku ya kufungua nilisimama barabarani, katikati ya watu. Jukwaani viti vilikuwa na majina. Mtu mmoja kando yangu alitazama juu mpaka kofia ikamwanguka.

"Litaanguka hili," akasema.

"Halianguki."

"Wewe unajuaje?"

"Nimelichora mimi."

Akanitazama koti, akanitazama viatu. "Na mimi," akasema, "nimelichimba ziwa." Tukacheka wote wawili. Ilikuwa mara yangu ya kwanza kucheka tangu harusi, na nilicheka na mtu asiyeniamini.

Pruett si mwovu. Alinishika bega baadaye akasema, "Felsher, jina lako lingewachanganya watu." Nikamwambia asante. Hebu fikiria, nilimwambia asante.

Unataka kujua kwa nini niliacha dhiraa kwenye ukuta wa mtu. Si kwa ajili ya kumdanganya Baba yako. Nilikuwa peke yangu chumbani, lipu inaingia, nikaona hakuna mahali popote duniani nilipopajenga mimi zaidi ya hapo. Kila nyumba niliyolala tangu utotoni kule Mitau, ng'ambo ya bahari, ilikuwa ya mwingine. Jengoni sikuwa na jiwe la kuandikwa jina langu. Basi nikaacha mahali patupu, sawasawa na tunavyofanya nyumbani kwetu.

Na hapo napo hapatabaki. Chumba kimepangishwa kwa daktari wa meno, anahamia tarehe mosi Mei, siku ambayo Chicago nzima huhama. Amekiona akauliza ule ukuta una ugonjwa gani. Donovan ameagizwa aufunike kabla hajaingia.

Mwambie Baba ukweli. Mwambie nitakuja kukaa kwenye ile meza ya kiwandani. Nimejifunza kuchora vitu vinavyopanda, kofia nazo huvaliwa juu. Ukiona huwezi kumpokea mume wa namna hii, nitaelewa pia.

Mezuza nitairudisha kwa mkono wangu.

Zelik


Cincinnati, Jumatatu, 21 Aprili 1890

Mume wangu mpenzi, mpumbavu wangu, nuru ya macho yangu,

Nimelia, na nilipomaliza nikala mkate na siagi, na nilipomaliza nikaenda sebuleni nikaisoma barua yako kwa sauti, yote, kuanzia "Namba hakuna" mpaka jina lako. Sikuruka hata yule aliyeangukwa na kofia. Usinikasirikie. Ulitaka ukweli usemwe, nami sijui kuusema nusu.

Baba alibadilika rangi. Aliinuka akazunguka meza.

"Nimetembea benchi kwa benchi," akasema. "Benchi kwa benchi! Nimemwambia kiziwi! Kumbe ni ukuta wa daktari wa meno!"

Mama akamwambia ashushe sauti. Hakushusha.

"Anarudi hapa. Anakaa kwenye meza. Au anakaa huko huko na njiwa wake, na binti yangu anabaki kwangu. Nilisema mpangaji haachi dhiraa. Huyu hata mpangaji si yeye! Alikuwa na haki gani?"

Ndipo Bibi Sprinza akaweka soksi aliyokuwa anafuma magotini.

"Meyer, hiyo dhiraa huachwa na nani?"

"Na mwenye nyumba, Mama."

"Nani kakuambia? Marehemu babu yako, siku ananunua ile nyumba ya Mitau, alikuta lipu imeshajaa kila mahali. Alimwendea rabi kuuliza kama abomoe. Rabi akasema asibomoe, maana yeye amenunua tu, na desturi ni ya anayejenga. Anayejenga, Meyer. Sasa niambie, lile jengo nani kalijenga? Yule wa gazetini?"

Baba akalitupia gazeti jicho.

"Nakuuliza. Yule wa gazetini ameacha dhiraa?"

"Hakuacha."

"Basi kaa."

Na Baba akakaa. Alilichukua gazeti, akalitazama jengo lako tena, safari hii bila kusoma maneno. Aliweka kidole juu kabisa, upande wa mashariki. "Ni hapa?" akauliza. Nikasema ni hapo. Akauliza, "Na hakuna ukuta unaobeba?" Nikamwambia hakuna, Baba, ni mifupa. Akasema, "Alituonyesha kwa samaki na sisi tukacheka."

Usidhani amelainika. Bado amekasirika, na atakapokuona atakusema mpaka masikio yawake, nawe utavumilia kwa sababu unastahili. Lakini alipokuwa anaondoka aligeuka mlangoni: "Mwambie ile dhiraa isifunikwe mpaka mkewe aione kwa macho. Kama ipo, abaki naye, hata kama ni kwenye shimo. Kama haipo, arudi nyumbani." Asubuhi nikakuta sanduku langu limeshushwa darini, na ile kamba yake mbovu imebadilishwa. Baba hajasema kuwa ni yeye.

Kwa hiyo nisikilize. Yale maneno ya stesheni ambayo filimbi iliyala, nilisema nitakuambia tukisimama pamoja, lakini nimeona uliyahitaji mapema zaidi na mimi kwa deko zangu nikakunyima. Nilikuwa nasema hivi: "Zelik, hata kama ni nyuma ya pazia, nichukue leo." Hivyo tu. Nilikuwa na mkoba mkononi. Hukuuona? Nguo zangu zilikuwa humo. Ungeitikia kwa mdomo badala ya kichwa, ningepanda.

Nyuma ya pazia! Na wewe ukaenda kunitafutia ziwa.

Mwambie Mama Peshe nakuja. Kama wale wa Kovno hawawezi kuhama, tutafute chumba kingine, kidogo kiasi chochote, chenye mlango mmoja wa kugongelea mezuza. Pazia nakuja nalo. Kwa dirisha la Mama Peshe litatosha mara sita, na kitakachobaki nitajishonea gauni la rangi ya siagi, nikukumbushe kila siku kwamba ulimpa mkeo kipimo cha mbingu.

Habari ya kofia usiitaje tena. Bwana Pruett atajenga jengo jingine, na akija kukuuliza ukuta utasimamaje, utamwambia kwanza aandike jina lako kwenye karatasi. Usipoweza, nitakufuata ofisini nimwambie mimi. Nina mdomo, unajua.

Lakini kwanza nataka kupanda lifti ile. Nataka uniingize humo kabla huyo wa meno hajaweka kiti chake. Sihitaji kabati, wala meza, wala mishumaa. Nataka nisimame mkabala na mlango, niweke kiganja changu juu ya tofali ambalo halikufunikwa, nawe usimame nyuma yangu ukohoe kama unavyokohoa kabla ya kusema jambo la maana. Tutakuwa watu watatu tulioliona na kujua kwa nini liko pale, pamoja na Donovan. Baada ya hapo wapake lipu wanavyotaka, mimi nitakuwa nimeiona nyumba yako.

Mwambie Donovan aweke mwiko chini. Nitakuwa Chicago kabla ya mwezi huu kwisha.

Mkeo,
Jetta Felsher